Bafta Katika Banda la Mbata

Mtu wa Mwera akiwa na binti wa kuoza na nyumba isiyotazamika, alikuwa na mlango mmoja wa kubisha, nao ni wa Mboni binti Uweso. Mboni hakuwa na sanduku la mapambo wala duka la kumkopesha. Alikuwa na vidole vyake, na ukili, na majirani wa kuwaazima. Akiingizwa chumba kilichobabuka kuta hasemi kitu. Ataufuata ukuta kwa macho, kona hadi kona, kisha ataulizia mikeka. Wakisema hawana, atauliza nani anayo. Ikifika alasiri chumba kile hukijui tena. Mikeka ya rangi imesimamishwa ukutani, kanga za mtaa mzima zimeunganishwa kwa miba ya mlimau, makuti mabichi yamesukwa yakawa upinde mlangoni, na asumini zinaning'inia mpaka mtu akiinama kuingia zinamgusa utosini.

Watu walikuwa wakisema Mboni angeweza kulipamba hata zizi la mbuzi. Mwaka wa hamsini na nne wakampa kitu kibaya kuliko zizi.

Yeye mwenyewe alipambwa mara moja tu, akaolewa na mtu wa mashamba ya mkonge ambaye alikwenda kutafuta kazi upande wa Muheza na hakurudi wala hakutuma salamu. Hakumwachia mtoto. Mboni akarudi pale alipolelewa, kwa Bi Hamdiya, mjane wa Saud, kwa sababu mama yake Mboni alikuwa mpishi wa nyumba ile na alifia humo humo Mboni akiwa bado hajaota meno ya pili. Nyumba ilikuwa ya Kiarabu, ya kuta nene, iliyokuwa na watu wengi siku za Saud. Sasa ilikuwa na wanawake wawili na popo. Minazi ilikuwa imezeeka, wakwezi wameondoka mmoja mmoja, na banda la mbata, la kukaushia nazi kwa moto, lililokuwa likitoa moshi mwaka mzima lilikuwa limezimwa moto.

Bi Hamdiya alikuwa amebaki na mambo mawili ya kumfurahisha. La kwanza ni harusi. Macho yake yalikuwa yameingia ukungu, akiona nuru na giza tu na vitu vinavyopita katikati, lakini harusi haikumpita. Atashikwa mikono huku na huku, atakalishwa mkekani mbele kabisa, na kutoka hapo atauliza kwa sauti ya mtu asiyejua kwamba wengine wanasikia: yule aliyeingia ananukia karafuu ni nani, na mbona pilau ya mwaka huu haina nyama. Wenye harusi walikuwa wakimwogopa na wakimpenda.

Jambo la pili lilikuwa sandukuni. Alipokwenda Makka na mumewe alirudi na jora la bafta nyeupe lililotoswa kwenye maji ya Zamzam, likakaushwa, likakunjwa na kafuri na udi ndani yake. Hiyo ndiyo sanda yake. Kila Ijumaa baada ya sala Mboni alifungua sanduku la njumu za shaba, akaitoa bafta, akamwekea Bi Hamdiya mapajani. Bibi ataipapasa pindo kwa pindo, ataisogeza puani, kisha atacheka.

"Hii ndiyo kanga yangu ya mwisho," husema. "Na hii haina jina."

Halafu hurudia lile lile alilolisema Ijumaa iliyopita, kwamba siku yake ikifika asiguse mtu mwingine. Mboni ndiye atakayeitoa, na Mboni ndiye atakayemvisha. Mboni huitika inshallah. Ufunguo wa sanduku alikuwa akiufunga katika pindo la kanga yake, usiku na mchana.

Basi mwaka huo masika yalikuja na hasira. Mwinyijuma, mkwezi wa zamani wa Saud, alikuwa amemposesha binti yake Asmahani kwa watu wa Pangani mjini, na siku imeshawekwa ndani ya Shaabani. Ukuta wa nyumba yake ukaloa, ukavimba, ukalala chini na paa juu yake. Hakufa mtu, lakini mwali hana pa kukaa. Kuahirisha hakuwezekani, maana Ramadhani imebisha hodi, na baada ya Ramadhani nani anajua mkwe atakuwa na moyo gani. Majirani nao nyumba zao zilikuwa zinavuja. Mwinyijuma akaenda kwa Bi Hamdiya, akakaa barazani kofia mkononi, akaomba banda la mbata; nyumba yenyewe hakuthubutu kuitaja.

Bi Hamdiya alifurahi kama aliyeombwa kasri. Akamwambia alichukue bila kitu chochote, ila kwa sharti moja, kwamba yeye akalishwe karibu na mwali. Banda lile lilimlisha na kumvisha, na hakupata kufikiri kwamba siku moja lingekaliwa na bibi harusi. Mwinyijuma akaapa kwamba ataleta kiti na wanaume wawili, abebwe juu juu kama malkia.

Mboni akaenda kulitazama banda. Kwa mara ya kwanza katika maisha yake hakuanza na kuta. Alitazama juu, akabaki anatazama. Moshi wa miaka yote ile ulikuwa umepanda ukaganda kwenye mabati, mweusi, wenye mafuta, ukining'inia kama nywele za mtu asiyechana. Upepo ukipita, masizi yanadondoka. Mle ndani mlinuka mbata iliyoungua.

Hakukata tamaa. Chanja za kukaushia zikatolewa, sakafu ikasawazishwa kwa udongo na mavi ya ng'ombe, na kuta zikapakwa chokaa. Asubuhi yake chokaa ilikuwa imegeuka rangi ya chai, maana mafuta ya ndani yaliinywa. Wakapaka tena, ikanywewa tena. Mboni akasema basi, kuta si kitu, kuta zitavishwa. Akazunguka nyumba kwa nyumba mpaka wanawake wakaanza kumtania kwamba siku ya harusi watatoka uchi, nguo zao zote ziko ukutani. Hakuna kanga wala mkeka uliobaki. Kuta zikapendeza.

Ila juu. Alijaribu kufuma dari ya makuti, masizi yakapita kwenye matundu kama unga kwenye chekecheke. Paliposalia kufunikwa palikuwa si pakubwa, ni pale juu ya kiti cha mwali tu, lakini palitaka nguo moja pana isiyo na kiungo. Mashuka ya watu yalikuwa membamba, mengine yana viraka. Mwinyijuma hakuwa na uwezo wa kwenda dukani, mahari yenyewe imeshaishia kwenye mchele na mbuzi. Na mama wa bwana harusi alikuwa mtu wa kusifika kwa ulimi. Ilijulikana mpaka ng'ambo ya mto kwamba aliwahi kuondoka kwenye harusi ya watu kabla ya chakula kwa sababu ya mende mmoja. Asmahani alijua hayo. Alikuwa amejifungia ndani kwa jirani, kapakwa hina, na kila Mboni alipopita aliuliza jambo moja tu, kwa sauti ndogo, kama masizi bado yanaanguka.

Asubuhi ya harusi Mboni alifungua sanduku la njumu kutoa mrashi wa fedha, ambao Bi Hamdiya alikuwa ameukopesha ili wageni warashiwe mawardi. Bafta ilikuwa juu ya vitu vyote. Mkono wake ulikwenda kwenye mrashi, macho yakabaki kwenye bafta. Ilikuwa jora zima, haijakatwa, nyeupe mpaka inauma macho, pana kuliko nguo yoyote iliyokuwako Mwera.

Bi Hamdiya alikuwa barazani, hatua chache kutoka pale. Mboni angeweza kumwita. Lakini angesemaje? Neno lenyewe lilikuwa haliwezekani kutamkwa siku ile. Mwali kukalishwa chini ya sanda ni uchuro ambao haupoi kwa ubani wala kwa dua. Bibi angeweza kukubali, halafu akakaa pale mbele na sauti yake ile akamsimulia kila aliyeingia. Mama wa bwana harusi angemshika mwanawe mkono wakavuka mto wakarudi kwao. Mboni akajiambia kwamba ni saa chache tu. Magharibi itakuwa imesharudi mahali pake, haina hata mkunjo. Akaiweka ndani ya pakacha, akafunika kwa ukili, akatoka kwa mlango wa uani.

Ilipotandazwa juu ya kiti cha mwali, banda lilibadilika. Mwanga wa mlangoni ulipanda ukaigonga bafta ukarudi chini mpole, na kanga zote za ukutani zikawaka. Mboni alizungusha asumini pembezoni, akaning'iniza vikuba, vishada vya mkadi na rihani, kwenye pembe. Ndipo alipofikiria jambo alilokuwa amelisukuma nyuma tangu asubuhi. Bi Hamdiya haoni, lakini pua yake haijazeeka. Akikalishwa chini ya bafta ile ataijua kabla hajavua viatu.

Akarudi nyumbani mbio. Bi Hamdiya alikuwa tayari. Amejitia wanja mwenyewe, umekwenda kombo kidogo jicho la kushoto. Amevaa gauni lake la hariri la kijani, kikuba kifuani, na kiganja kimoja kimeshika bakora. Mbingu zilikuwa zimeanza kujikusanya upande wa bara.

"Bibi," Mboni akasema, "njia imekuwa matope. Watu wataanguka nawe."

"Waanguke. Mimi ndiye nitakayekuwa juu."

"Na mvua inakuja. Utashikwa na kifua."

Bi Hamdiya aliugeuza uso wake kule banda liliko, kama anayetazama.

"Banda langu, Mboni. Nisiliingie likiwa na mwali?"

"Nitakusimulia, Bibi. Kila kitu nitakusimulia."

Bibi hakubishana. Aliilaza bakora pembeni, taratibu, akaomba aachiwe tu mlango wazi, pengine upepo utaleta mlio wa vugo, zile pembe za harusi. Wale wanaume wa kiti Mboni alikutana nao njiani, akawaambia Bibi ana homa. Uongo huo wa pili ulimtoka rahisi kuliko wa kwanza.

Harusi ilikuwa nzuri. Hilo hakuna aliyelikataa, na Mboni hakuweza kulikataa hata alipotaka. Wageni wa mjini waliingia wameshika pua, mama wa bwana harusi mbele yao amekunja buibui lake lisiguse kitu. Akafika katikati, akainua macho. Alitazama bafta ile kwa muda, akaliachia buibui. Kisha akamuuliza aliye karibu naye ni nani aliyepapamba mahali pale, na alipoonyeshwa, akamwambia Mboni mbele ya wanawake wote kwamba mjini hapajaonekana dari kama ile. Asmahani akaingizwa, akakalishwa, macho chini, hina mpaka viwikoni, na weupe ule ukamwangukia usoni. Wanawake walipiga vigelegele mpaka mabati yakatetemeka. Mboni alisimama kando ya mlango, kifua kimemjaa. Hakupata kufanya kazi nzuri kama ile, wala hatafanya tena.

Mvua ikaanza wakati vugo zimechanganya. Mabati ya kutu yalikuwa na matundu, na maji yaliyopita yalibeba masizi. Mboni aliliona doa la kwanza likifunguka juu ya bega la mwali, dogo, likatanuka. La pili likaja, na la tatu. Wanawake hawakujali, kiti kilisogezwa upande mkavu, wakacheka, ngoma ikaendelea. Kwao ilikuwa ni nguo imelowa. Mboni peke yake alikuwa akiyahesabu madoa, mpaka yakamshinda.

Siku zilizofuata aliisugua uani kwa ndimu, akailoweka kwa majivu, akaianika kila jua lilipochomoza baina ya mvua mbili. Akimaliza anaanza tena. Weusi ulitoka ukaacha alama za rangi ya chai, kama ramani. Na harufu ya mbata haikutoka hata kidogo. Aliikunja kwa kafuri mpya, akairudisha sandukuni, akaweka juu yake nguo za Idi.

Simulizi alikuwa ameitoa usiku ule ule wa harusi, kama alivyoahidi. Alimwambia Bi Hamdiya nani alivaa nini, mama wa bwana harusi alivyoingia na alivyotoka, pilau ilivyokuwa na nyama. Bibi alicheka mahali pa kuchekea. Mwishoni akauliza, "Na juu? Yale mabati yangu meusi uliyafanyaje?"

"Niliweka makuti, Bibi."

"Makuti," akasema Bi Hamdiya, na hakuuliza zaidi.

Ijumaa ikafika, Mboni akasema ufunguo umemponyoka kisimani. Ijumaa ya pili akasema bado wanautafuta. Ya tatu Bi Hamdiya alinyoosha tu mikono mapajani, viganja juu, akangoja. Mboni akafungua pindo la kanga.

Bibi aliipapasa bafta pindo kwa pindo. Akaisogeza puani, akakaa nayo hapo. Nje palikuwa na kuku tu anayeparua. Mboni alikuwa amepiga magoti, hajui tangu lini.

"Ina moshi wa banda langu," Bi Hamdiya akasema.

Mboni akamwambia yote. Alisema masizi, na mama wa bwana harusi, na Asmahani na sauti yake ile ndogo. Alisema aliogopa uchuro.

"Uchuro wa nani? Imekaa na nguo zangu za Idi miaka yote hii, haijaniua." Bibi alikuwa hana hasira, na hilo ndilo lililomkata Mboni. "Ungeniomba ningekupa, mwanangu. Ningekaa chini yake nikanyamaza kimya. Wewe unadhani mimi sijui kunyamaza?"

Mboni aliinama mpaka paji likagusa sakafu.

"Nilikaa pale mlangoni mpaka kikuba kikaninyaukia kifuani," Bi Hamdiya akasema. "Vugo sikuzisikia. Mvua ilizifunika."

Akaikunja bafta mwenyewe, kwa kupapasa, akamrudishia. Akamwambia asinunue nyingine wala asiisugue tena. Atavishwa hiyo hiyo na madoa yake. "Mimi na sanda yangu, angalau mmoja wetu alikwenda harusini," akasema, na safari hii akacheka kidogo. Akamtaka Mboni aahidi upya, na Mboni akaahidi.

Baada ya Ramadhani harusi zilikuja tena. Mboni alimwomba Bibi, alimbembeleza, alitafuta wabebaji yeye mwenyewe. Bi Hamdiya akasema miguu haimtaki. Hakwenda tena harusi yoyote. Kaskazi iliyofuata alishikwa na kifua, hakuugua muda mrefu, akafa asubuhi Mboni akiwa anamchemshia uji.

Nyumba ikajaa kama siku za Saud. Yaarub, mtoto wa ndugu yake Saud, alikuja kutoka Pangani akasimama ukumbini kusimamia mambo. Mastura, mwoshaji wa maiti, aliingia chumbani na wanawake wake, akamtaka Mboni alete sanda. Mboni akaitoa, kwa mkono wake mwenyewe, kama alivyoahidi. Mastura akaikunjua ili aikate.

"Shoga, hii imeingia nini?"

Wanawake wakasogea. Alama zile zilikuwa wazi mbele ya dirisha. Mmoja akasema ni kutu ya sanduku, mwingine akasema panya. Mastura akainusa, akakunja uso, akatuma mtu amweleze Yaarub. Sauti ya Yaarub ikasikika kutoka ukumbini kwamba mke wa Saud hatazikwa kwa nguo ya madoa watu wakasema hana jamaa. Apelekwe mtu dukani mara moja.

Mboni alikuwa na maneno kinywani. Yalikuwa machache: mwenyewe aliitaka hivi hivi. Lakini Mastura angeuliza kwa nini, na baada ya kwa nini lingefuata lile jingine. Na pale kwenye mkeka wa wafiwa, mgongo ukutani, alikuwa amekaa Asmahani, tumbo limeshakuwa kubwa, na mkwewe ubavuni pake. Mimba ya kwanza ilikuwa imemharibikia. Mboni aliona vizuri kabisa jinsi yule mama angeinua macho, akaikumbuka dari, akaiunganisha na mimba ile. Asmahani angeondoka msibani hana mume.

Lakini Mboni hakupata kujidanganya kwamba ni Asmahani peke yake. Aliona pia nyuso za wanawake wale wote zikimgeukia yeye.

Akanyamaza. Bafta ya dukani ikaja, ngumu, ina harufu ya mafuta ya taa. Mastura akaikata. Mboni alimvisha Bi Hamdiya kwa mikono yake, na hilo ndilo alilolitimiza katika yote aliyoahidi. Walipomwinua kumtoa, Yaarub alimwambia Mboni ile bafta ya zamani aifanye anachotaka, hata kufungia mizigo.

Asmahani alizaa mtoto wa kiume, mzima. Yuko mjini, na akija Mwera humletea Mboni tende na kumwita mama, na kila mara huikumbuka dari ile, jinsi ilivyomtoa aibu. Mboni humwitikia tu. Amehamia chumba cha nyuma kwa Mwinyijuma, kwa kuwa Yaarub aliifunga nyumba. Bado anaitwa kwenye harusi. Anapamba kuta, anapamba milango, na wakimwomba aweke kitu cheupe juu ya mwali anawaambia makuti yanatosha. Kabla hajashika ukili wowote huulizia vikongwe wa mtaa ule, nani atawaleta na watakaa wapi, mpaka wenye harusi huona anawachelewesha.

Ijumaa baada ya sala huitoa ile bafta, akaiweka mapajani. Harufu ya mbata imekwisha, na ya udi imekwisha. Kama wiki ile palikuwa na harusi, huanza kusimulia pale pale, si kwa sauti kubwa, nani alivaa nini na nani aliingia ananukia karafuu, na pilau ilikuwaje. Watoto wa Mwinyijuma wameshamzoea. Husimulia vizuri, ukuta kwa ukuta, mlango, mikeka. Akifika juu, hunyamaza, akaikunja bafta, akairudisha.